Mikono Iliyomshika Kishungi

Ilikuwa saa moja kasoro dakika kumi asubuhi, siku ya Jumamosi, mwezi wa sita. Baridi ya Arusha ilikuwa imekaa vizuri na mlima ulikuwa haujaonekana kwa siku nne. Nilikuwa jikoni nachemsha chai, nikasikia kuku akipiga kelele mara moja, kisha kimya. Ninyi mnaofuga mtalijua hili kwa wakati wenu: kuku anayepiga kelele mfululizo ameona paka au mwewe. Anayepiga mara moja akanyamaza ameumia.

Nilimkuta Kishungi kwenye kona ya banda. Ni tetea wa kienyeji, mwekundu, mwenye kishungi cha manyoya kichwani. Alikuwa ameinamisha kichwa na kukitikisa, na kila alipokitikisa matone ya damu yaliruka kwenye bati. Mdomo wa juu ulikuwa umepasuka ubavuni na ncha yake ilining'inia kama ukucha uliong'oka nusu. Nikamkamata, nikambana kwapani, nikanyoosha mkono wa kulia pembeni ili nipewe kitambaa.

Hakuna aliyenipa. Mkono ulikaa hewani kwa muda kabla sijaurudisha. Mama Elia, mke wangu, ndiye aliyekuwa akisimama upande ule kila nilipotibu kuku, na tulikuwa tumemzika mwezi wa kwanza.

Vijana wangu, mnaendelea kunipigia simu. Mnanitumia picha za midomo ya kuku wenu, nyingine zimepigwa kwa karibu mno hata sijui kama ni mdomo au kidole cha mtu, na mnaniuliza, "Mzee, shikamoo, nifanyeje?" Ninawajibu, lakini kwa simu siwezi kuwaeleza lililo muhimu zaidi. Ndiyo maana nimeamua kuandika.

Sikusomea udaktari wa mifugo. Nilikuwa fundi wa mabomba ya maji kwenye shamba la maua Usa River, na elimu yangu ya kuku niliiokota kwenye vipeperushi, kwenye daftari la mtu mwingine, na kwenye makosa. Nimetibu kuku katika nyua za watu kwa miaka ishirini na miwili, kuanzia hapa Sombetini ninapoishi mpaka Nduruma kwa wakwe zangu. Magonjwa ya mlipuko niliwaachia wenye chanjo. Mimi nilikuwa mtu wa majeraha: midomo iliyovunjika, kucha zilizong'oka, vilemba vilivyodonolewa, damu isiyokoma.

Daftari lilikuwa la Mzee Eliufoo, bwana mifugo mstaafu aliyekuwa akiishi upande wa Ngaramtoni. Aliniazima baada ya kuniona dukani nikinunua dawa ya macho ya binadamu kwa ajili ya jogoo. Aliniuliza, "Huyo jogoo anasoma gazeti?" Kisha akanieleza kwa utaratibu kwa nini dawa ile haikufaa. Wakati ule watu wengi waliounguza midomo ya kuku kukomesha damu walitumia kisu kilichowekwa kwenye mkaa mpaka kikawa chekundu. Nami nilifanya hivyo kwa miaka mitatu. Damu ilikoma, hilo ni kweli, lakini kuku alikaa siku nne bila kula, kwa sababu mdomo wa kuku una uhai ndani yake. Sehemu ya nje ni ngumu kama ukucha, lakini ndani kuna nyama na mishipa mpaka karibu na ncha. Mzee Eliufoo aliniambia nishike sufuria ya moto kwa mdomo wangu kwanza, halafu nimpe taarifa. Kisu nikakiacha.

Lakini kosa langu kubwa halikuwa la kisu. Kulikuwa na mama mmoja tuliyefanya naye kazi kule shamba la maua, aliyekuwa na jogoo mkubwa aliyevunja ncha ya mdomo kwenye wavu. Nilikwenda baada ya kazi. Mume wake, mtu wa miraba minne, alijitolea kumshika. Nikamwambia, "Mshike kwelikweli, asipapatike." Akamshika kwelikweli. Nilisafisha, nikabana kwa unga, damu ikakoma, nikafuta mikono yangu kwa majivuno na kusema, "Mwachie sasa." Akamwachia. Jogoo alianguka kama kiatu.

Nilipomsimulia Mzee Eliufoo, akasema, "Umemtibu vizuri sana. Amekufa akiwa na mdomo safi."

Ndipo nikajifunza jambo ambalo sikuliona katika kipeperushi chochote. Kuku hapumui kama sisi. Hana msuli ule wa chini ya mapafu unaotufanya tuvute hewa. Anapumua kwa kuinua na kushusha kidari chake. Ukimbana kidari, hata kama pua yake iko wazi na mdomo uko wazi, unamnyonga, naye hawezi kukuambia. Yule jogoo alikufa mikononi mwa mtu mwenye nia njema, kwa maagizo yangu.

Niliwalipa yule mama na mumewe jogoo mwingine, nikarudi nyumbani nikiwa nimekata shauri kuacha. Mama Elia alinisikiliza mpaka mwisho huku akichambua mchicha. Akasema, "Tatizo si dawa yako. Tatizo unawapa kuku wanaume washike. Kesho nipe mimi."

Kuanzia siku hiyo tulikwenda wawili. Alikuwa na namna yake. Alivua khanga ya mabegani, akamfunika kuku mabawa mara moja tu bila kuyakaza, akamweka kwenye mkono wa kushoto kama mtoto mchanga, miguu ikiwa imetulia kati ya vidole. Ncha ya khanga ilifunika macho ya kuku, kwa sababu kuku asiyeona huamini kuwa usiku umeingia. Kidole gumba kilikaa nyuma ya kichwa, na kidari hakikuguswa. Kuku waliokuwa wakipiga kelele hadi majirani wachungulie ukutani walikuwa wakinyamaza. Ndani ya mwaka mmoja watu walianza kumwita yeye daktari. Mimi nikawa "yule fundi anayeongozana na daktari." Sikukasirika. Walikuwa wamepima vizuri.

Sasa rudini na mimi kwenye ile asubuhi.

Nilijaribu peke yangu. Nilimfunga Kishungi kwa taulo, nikambana kati ya magoti, nikachota unga wa ngano. Mkono mmoja ulishika kichwa, mwingine ukaleta unga, na hakukuwa na wa tatu wa kutuliza shingo. Akajitikisa, unga ukanirukia machoni, damu ikaanza upya. Nilijaribu mara ya pili. Ilikuwa saa moja na dakika tano. Kuku mwenye uzito wa kilo moja na nusu hana damu ya kuchezea. Vijiko vichache vikubwa vikitoka mfululizo, anaanza kulegea. Kishungi alikuwa ameanza kufumba jicho.

Lazima niwaeleze kwa nini nilimhangaikia hivyo. Kwetu kuku ni mali ya mama wa nyumba. Mwanaume anajenga banda, lakini hahesabu kuku wala hauzi. Mama akifariki, kuku wake hawabaki kwa mume. Wanarudi upande wake, kwa binti zake au dada zake. Binti hatukujaliwa. Elia, mwanetu, yuko Dodoma kikazi. Kwa hiyo baada ya msiba, shemeji yangu Ndeshi, mdogo wake Mama Elia wa kufuatana, alikuja kutoka Nduruma mara tatu na tenga lake na kuwachukua, na mimi nilimsaidia kuwapakia. Walikuwa kumi na wawili. Alipofika kwa Kishungi nilimwambia, "Huyu analalia, subiri aangue." Hakuwa analalia. Mayai niliyaweka chini yake mwenyewe, naye aliyakalia kwa dakika chache kwa heshima. Uongo huo ulinipa miezi miwili. Ndeshi alikuwa amesema atakuja kumfuata Jumamosi hiyo bila kukosa.

"Hodi humu. Shemeji, shikamoo."

"Marahaba. Pita huku nyuma upesi."

"Nimekuja na tenga kabisa. Leo hunipigi chenga na mayai yako ya kuazima." Akatokea kwenye kona ya nyumba, akaona damu kwenye bati, kwenye taulo, kwenye shati langu. Akaweka tenga chini. "Shemeji. Umeamua kumchinja ili nisimchukue? Si ungesema tu hutaki."

"Amevunja mdomo. Nishikie."

"Mimi? Mimi kuku namshika akiwa na ndizi ndani ya sahani."

"Ndeshi, anakufa. Nishikie."

Aliacha mzaha. Akamshika mabawa yote mawili kwa mkono mmoja, kama wanavyoshikwa sokoni. Nikamwambia hapana, akamhamishia kifuani. Nikamwambia kidari asikiguse. Akaniangalia. "Dada alikuwa anamshikaje?"

Nilimwonyesha kwa mikono mitupu. Akavua khanga yake, akafunika mabawa, akafunika macho, akamlaza kwenye mkono wa kushoto. Kidole gumba kikaenda nyuma ya kichwa. Kidole gumba cha watoto wa nyumba ya wakwe zangu kimepinda kidogo kwa nje, wote wanacho, walikitoa kwa mama yao. Nilikiona pale kwenye manyoya mekundu, nikalazimika kugeuka na kujifanya napima chumvi ya kuweka kwenye maji.

Damu kwanza. Nilichovya kidole kwenye unga, nikaujaza kwenye jeraha bila kuziba matundu ya pua, nikafunika kwa kitambaa safi, nikabana taratibu. Dakika tano kwa saa ya mkononi, bila kuchungulia. Narudia: bila kuchungulia. Vijana wengi mnabana nusu dakika, mnafunua muone, mnabana tena, kisha mnasema unga haufanyi kazi. Unga unafanya kazi. Kinachorudisha damu ni hamu yenu ya kutazama.

"Dakika tano za kuku ni ndefu kuliko mahubiri," Ndeshi akasema.

"Usimtikise."

"Sijamtikisa, nimepumua. Au na mimi nisipumue?" Akamtazama kuku. "Shemeji, nikwambie kitu usinikasirikie. Huyu nilishampatia mtu. Mama mmoja kule kwetu anatafuta kuku wa kishungi. Amenipa elfu ishirini na tano, nimeshanunulia sare za mtoto."

Nilitazama saa. Zilikuwa zimebaki dakika mbili. Sikuwa na haki ya kusema lolote, kwa sababu kuku hakuwa wangu. Nilisema, "Akipona."

Damu ilikoma. Nilisafisha kwa maji ya chumvi ya uvuguvugu, kisha kwa iodini niliyoipunguza makali kwa maji ikawa na rangi ya chai nyepesi. Ncha iliyoning'inia ilikuwa imekufa, imeshikwa na uzi tu. Niliikata kwa mkasi wa kucha. Juu yake ulibaki ufa unaopanda kuelekea puani. Ufa wa namna hiyo ukiachwa, kila kuku anapodonoa unapanda, mpaka siku moja mdomo wote wa juu unaondoka. Zamani tulikuwa tunasubiri na kuomba Mungu. Siku hizi kuna gundi, ile ya kichupa kidogo inayouzwa kila duka. Kata kipande cha karatasi ya mfuko wa majani ya chai, saizi ya punje ya mchele. Kausha mdomo kabisa. Tone moja la gundi juu ya ufa, karatasi juu yake, tone jingine. Gundi isiguse nyama mbichi, isikaribie pua, na usiiguse kama damu bado inatoka. Kisha shika mdomo mpaka ikauke, na hakikisha hujagandisha mdomo wa juu na wa chini. Mimi nimewahi. Mama Elia alicheka njia nzima kutoka Nduruma.

Mwisho nilipaka ile dawa ya zambarau ya vidonda, kuficha wekundu. Kuku mwenzake akiona chekundu anadonoa. Hana huruma wala ubaya, ni macho yake tu. Kishungi alikuwa peke yake bandani, lakini nilimpaka, kwa sababu tulikuwa tunapaka siku zote.

Tukamweka ndani ya boksi lenye giza karibu na jiko, nasi tukakaa kunywa ile chai iliyokuwa imekaukia nusu. Ndeshi akauliza, "Kimemkata nini?"

Nilikwenda kutazama. Chombo cha chakula kilikuwa dumu la mafuta la lita tano, lililokatwa tundu ubavuni ili kuku aingize kichwa. Nilikuwa nimelikata mwenyewe wiki ile, baada ya lile la zamani kupasuka. Kwenye ukingo wa tundu kulikuwa na mpasuko mwembamba, na ndani ya mpasuko kulikuwa na kipande cha mdomo. Alikuwa amedonoa, mdomo ukanasa, akashtuka na kurudi nyuma kwa nguvu zake zote.

Madumu yote ya nyumba hii alikuwa akiyakata Mama Elia. Baada ya kukata alipitisha ukingo juu ya moto wa mshumaa mpaka plastiki inyong'onyee na kuwa laini, kisha alizungusha kidole pande zote. Nilimwona akifanya hivyo labda mara mia. Nilidhani ni urembo.

Nililirudisha dumu mezani. "Ni mimi," nikamwambia Ndeshi. "Miaka yote nimezunguka kwa watu nikiwaambia wakague vyombo. Hili nimelikata mwenyewe."

Akalipokea, akazungusha kile kidole gumba ukingoni, kikasimama kwenye mpasuko. "Dada angekutukana," akasema. "Angekutukana mpaka Jumatatu." Kisha akauliza mshumaa uko wapi.

Hakumchukua siku ile. Alisema kuku mgonjwa hapandi gari, na kwamba yule mama wa kishungi atasubiri. Nilimlisha Kishungi uji mzito wa dona, soya na dagaa waliosagwa, kwenye bakuli lenye kina, kwa sababu kuku asiye na ncha hawezi kuokota punje; anachota kama kijiko. Maji nayo yawe ya kina, yafike karibu na pua lakini yasizidi. Siku ya kwanza alikataa. Siku ya pili jioni alichota mara nne. Nilihesabu, na nikajikuta nageuza kichwa kumwambia mtu.

Ndeshi alikuja kila Jumamosi kumshika nikimkagua. Hakuniambia kama atakuwa anakuja; alikuwa anafika tu, anatukana baridi ya Sombetini, anavua khanga. Gundi ilibanduka wiki ya tatu, tukaweka nyingine. Wiki ya tano niliona kwenye ncha mstari mpya, mweupe kama ukucha wa mtoto. Mdomo huota, vijana, kama shina lake ni zima. Kama umevunjika kwenye shina kabisa, hautaota, na huyo mchinjeni siku hiyohiyo bila kumtesa. Hiyo nayo ni tiba. Wiki ya nane nililainisha ncha kwa kipande cha msasa laini, mdomo wa juu ukakutana na wa chini. Nikatupa punje tano za mtama chini. Akaokota zote.

Ndeshi alikuwa ameleta tenga siku hiyo. Lilikuwa mlangoni, nililiona alipoingia.

"Amepona," nikasema. "Mpeleke kwa mwenyewe."

Hakuinuka. "Wewe kwa watu huendi tena kutibu?"

"Sina wa kushika."

"Wanasema huku mtaani umestaafu. Nikawauliza, amepewa barua na nani?" Alimpapasa Kishungi kichwani, akishusha manyoya yaliyosimama nayo yakisimama tena. "Yule mama nimemwambia kuku amekuwa kilema. Anataka hela yake. Na mimi hela ni sare, mtoto amezivaa."

"Nitamrudishia mimi. Halafu kuku atakuwa wangu?"

Nilimuuliza kwa uangalifu, maana nilitaka kujua utaratibu. Akanitazama kama nimesema neno chafu.

"Wako kwa vipi? Mwanaume gani ana kuku? Huyu ni wa dada. Anakaa kwako tu. Na nitakuwa nakuja kumwangalia, nikikuta dumu halijapitishwa motoni nambeba siku hiyohiyo."

Aliondoka na tenga tupu. Sijarudi kutibu, na sidhani nitarudi. Macho yangu yamepungua na ufa mwembamba siuoni vizuri tena. Ninyi mtafuteni kwanza mtu wa kushika. Dawa mtazikuta dukani, maelezo mtayakuta kwenye simu zenu, lakini mtu anayejua kumshika kuku bila kumgusa kidari, na anayenyoosha kitambaa kabla hujakiomba, huyo mkimpata msimfanye aseme jambo mara mbili. Akiwaambia pitisha ukingo motoni, pitisheni. Akifanya kitu na hamjui sababu, muulizeni akiwa bado yupo.

Asubuhi bado ninanyoosha mkono pembeni ninapolisha. Kishungi anadonoa bakuli, kisha anadonoa kidole changu, bila kosa.

Mtauliza, kama mnavyoniuliza siku zote, kama inalipa kutibu kuku mmoja. Gundi, vichupa viwili, elfu moja. Iodini, elfu mbili. Soya na dagaa kwa wiki nane, elfu nne na mia tano. Hela ya mama wa Nduruma, elfu ishirini na tano. Mayai aliyotaga katika muda huo, hakuna. Na kuku si wangu. Hasara yote pamoja ni shilingi elfu thelathini na mbili na mia tano.